Mtoto wa Mke Mdogo na Kazi ya Reli: Kisa cha Ajira ya Huruma Nchini India

Mtumishi wa serikali nchini India akifa akiwa bado kazini, familia yake inaweza kuomba mmoja wao aajiriwe bila kushindana na waombaji wengine. Wenyewe wanaiita ajira ya huruma. Kisa hiki ni cha familia moja iliyoomba, ikakataliwa, ikapanda ngazi za mahakama kwa miaka minane. Majina ya wahusika, kituo cha kazi na tarehe kamili nimeviondoa. Hukumu na sheria ninazozitaja ni za kweli.

Nimekichagua kwa sababu kinauliza swali ambalo hata kwetu hulisikia. Msibani, mwakilishi wa mwajiri akishamaliza salamu za rambirambi, hakosekani mzee wa ukoo wa kumvuta pembeni: "Huyu kijana wake hamuwezi kumshika mkono?" Kwetu swali hilo huishia palepale chini ya mwembe. India wameliandikia kanuni, na kanuni ikishaandikwa lazima mtu aulize imemwacha nani nje.

## Usuli

Marehemu aliajiriwa na shirika la reli la serikali mwaka 1977, mashariki mwa India. Reli hiyo ina wafanyakazi zaidi ya milioni moja, na kwa familia ya kipato cha chini kazi ya reli ni zaidi ya mshahara. Ina matibabu, ina nafuu ya safari, na ina heshima mtaani. Baba akifa, vyote hivyo hutikisika kwa mpigo.

Alikuwa na wake wawili. Hapa ndipo mambo yalipofungamana. Sheria ya Ndoa za Wahindu ya mwaka 1955 inaruhusu mke mmoja tu, na ndoa ya pili inayofungwa wakati ya kwanza bado hai ni batili. Kanuni za maadili za watumishi wa reli za mwaka 1966 nazo zinamkataza mtumishi kuoa mke wa pili wakati wa kwanza yupo, isipokuwa kwa ruhusa maalumu. Kwa hiyo mke mdogo, machoni pa sheria, hakuwa mke.

Watoto je? Kifungu cha 16 cha sheria hiyohiyo ya 1955, kama kilivyorekebishwa mwaka 1976, kinasema mtoto aliyezaliwa katika ndoa batili ni mtoto halali wa wazazi wake. Bunge lilitenganisha kosa la wazazi na hadhi ya mtoto. Msomaji ashike hilo, maana kisa chote kinaning'inia hapo.

Jambo la pili ni Katiba. Ibara ya 16 inampa kila raia fursa sawa katika ajira za serikali, na ibara ndogo ya (2) inakataza kumnyima mtu kazi kwa sababu tu ya dini, asili, tabaka, jinsia, nasaba, mahali alipozaliwa au anapoishi. Neno "nasaba" halikuingia kwa bahati mbaya. Kulikuwa na vyeo vya kijiji vilivyorithiwa baba kwa mwana, na mwaka 1961 Mahakama ya Juu, katika shauri lililotoka Andhra Pradesh, iliikataa sheria ya tangu 1895 iliyoacha cheo cha namna hiyo kishikwe kwa ukoo. Kazi ya umma hairithiwi kama shamba.

Sasa, kama nasaba haimpi mtu kazi, ajira ya huruma inasimama juu ya nini? Jibu linalotumika hadi leo lilitolewa na Mahakama ya Juu mwaka 1994, katika shauri lililotoka Haryana. Kufa kwa mtumishi peke yake hakumpi mtu haki ya kuajiriwa. Lengo ni kuivusha familia katika shida ya ghafla. Kwa hiyo ofisi ichunguze hali ya kipato ya familia, nafasi ziwe za ngazi za chini tu, na ombi lisishughulikiwe baada ya miaka mingi wakati shida imeshapita. Katika wizara nyingi za serikali kuu kuna na ukomo: asilimia 5 ya nafasi za ngazi hizo zinazojazwa kwa ajira mpya. Kwa hiyo msingi wa kumpa mtoto kazi ni shida iliyoikumba nyumba. Damu humwonyesha tu nani yumo ndani ya nyumba hiyo.

## Yaliyotokea

Baba alifariki mapema mwaka 2014, akiwa kazini. Haikupita miezi mitatu, barua ikafika ofisini. Aliyeiandika ni mke mkubwa, mjane anayetambuliwa na sheria. Aliomba kazi apewe kijana. Kijana huyo hakumzaa yeye. Alikuwa mtoto wa mke mdogo, mwanawe wa kambo.

Naomba msomaji asipite hapo haraka. Anayejua nyumba za wake wawili anajua kikao cha mirathi kinavyokuwa: kila upande na wajomba zake, kila upande na bahasha yake ya vyeti. Katika utaratibu wa reli mjane anaweza kuomba mwenyewe au kumpendekeza mtoto. Mama huyu angeweza kukaa kimya, na kijana asingekuwa na pa kuanzia. Badala yake alimtanguliza mtoto wa mwenzake.

Ofisi ilijibu chini ya siku arobaini tangu barua iandikwe. Ilikataa. Sababu ilikuwa moja: mwombaji ni mtoto wa mke wa pili. Kwamba alikuwa mtoto wa marehemu halikubishaniwa na mtu. Jibu halikujengwa juu ya kipato cha familia, wala elimu ya kijana, wala ukosefu wa nafasi.

Kijana alikwenda kwenye baraza linalosikiliza mashauri ya watumishi wa serikali kuu, akashindwa. Akaenda Mahakama Kuu ya jimbo, akashindwa tena mwaka 2018. Ikabaki Mahakama ya Juu, Delhi.

## Kwa nini ofisi iliamua hivyo

Maofisa waliokataa hawakujitungia sababu. Januari 1992 Bodi ya Reli ilitoa waraka uliosema kwamba mtumishi akifa ameacha wajane zaidi ya mmoja, mafao yanaweza kugawanywa baina yao, lakini ajira ya huruma asifikiriwe mjane wa pili wala watoto wake, ila pale utawala ulipokuwa umeiruhusu ndoa hiyo ya pili. Karani aliyelishika jalada la kijana huyu alikuwa na waraka mkononi, na waraka ulisema "hapana."

Nia ya waraka naielewa. Serikali inayokataza ndoa ya pili kwa watumishi wake haitaki ionekane inaitunza ndoa hiyo kwa mlango wa nyuma. Kuna pia hofu ya kweli ya maofisa utumishi: leo umempokea mtoto wa mke wa pili, kesho watajitokeza watano usiowajua, kila mmoja na kiapo chake.

Hata hivyo waraka wenyewe ulijipinga. Ulikubali fedha za marehemu zifike kwa nyumba ya pili, kisha ukaikatalia nyumba hiyohiyo kuomba kazi. Ikiwa mtoto ni wa marehemu wakati wa kugawana kiinua mgongo, kwa nini awe mgeni siku ya kuomba ajira?

Tena, waraka huo ulikuwa umeshapigwa. Mwaka 2010 Mahakama Kuu ya Calcutta iliifuta sehemu yake iliyowazuia watoto wa mke wa pili. Bado miaka minne baadaye familia yetu ilijibiwa kana kwamba hakuna kilichotokea Calcutta. Kwangu hili ni kosa zito kuliko waraka wenyewe. Waraka mbaya unaweza kutungwa na watu wenye nia njema. Kuendelea kuutumia baada ya mahakama kuukataa ni uzembe, na anayeulipia ni mtu asiye na uwezo wa kukodi wakili.

## Mahakama ya Juu

Desemba 2018 Mahakama ya Juu iliamua shauri la familia nyingine ya reli lililofanana sana na hili. Jaji D.Y. Chandrachud aliandika kwamba sheria ikishasema mtoto ni halali, mwajiri wa serikali hawezi kuligawa kundi la watoto halali mafungu mawili, moja listahili na jingine lisistahili. Kufanya hivyo ni kuvunja Ibara ya 14, ile ya usawa mbele ya sheria.

Shauri la kijana wetu liliamuliwa Februari 2022 na majaji watatu. Walifuata hukumu ya 2018, kisha wakaongeza hatua moja ambayo ndiyo inayokifanya kisa hiki kifae kufundishia. Walisema sera ya ajira ya huruma ina nguvu ya sheria, kwa hiyo nayo hairuhusiwi kumbagua mtu kwa yale yaliyotajwa katika Ibara ya 16(2), likiwemo neno nasaba. Kumkataa mtu kwa kuwa amezaliwa na mama fulani ni kumbagua kwa nasaba.

Ndiyo kusema neno lilelile lililotumika mwaka 1961 kuwazuia watu wasirithi vyeo, mwaka 2022 lilitumika kumfungulia mlango mtoto aliyefungiwa. Wapo wanaoona huku ni kujikanganya. Mimi naona ni kauli moja inayosemwa mara mbili: ukoo usikupe kazi ya umma, na ukoo usikunyime.

## Matokeo

Wengi wakisimulia kisa hiki husema kijana alipewa kazi. Sivyo. Mahakama iliamuru ombi lake lifikiriwe upya kwa sifa zake na shughuli hiyo ikamilike ndani ya miezi mitatu, huku ofisi ikibaki na uhuru wa kuchunguza kama masharti mengine yote yametimia. Alichoshinda ni haki ya kusomewa ombi lake. Kati ya barua ya mke mkubwa na amri hiyo ilipita karibu miaka minane, na mama mzazi wa kijana alikuwa ameshafariki.

## Uchambuzi: swali lisilo lake

Ofisi ilijibu kwa haraka, tena kwa maandishi na kwa sababu inayosomeka. Hayo ni mema, maana wapo wafiwa wanaozungushwa miaka bila karatasi yoyote ya kukatia rufaa. Tatizo ni swali lililoulizwa. Baada ya hukumu ya 1994 ofisi ilipaswa kuuliza nyumba hii imebaki na nini: nani alikuwa akila kwa mshahara wa marehemu, nani sasa analipa kodi na karo, kuna deni gani, mafao yatawafikisha wapi. Badala yake iliuliza mama yako ni nani. Swali la kwanza lina taabu, linataka mtu atoke, atembelee nyumba, ahesabu. La pili linajibiwa kwa dakika moja ukiwa umekaa kitini, na nadhani ndiyo sababu lilipendwa.

Adhabu nayo ilimwangukia asiyekuwepo. Kama kosa lilikuwa ndoa ya pili, mwenye kosa alikuwa mtumishi, na kanuni za 1966 zilimpa mwajiri njia ya kumchukulia hatua wakati angali hai. Kungoja afe ndipo umwadhibu mtoto ambaye hakuulizwa azaliwe lini wala wapi ni kumwonea.

Jambo kama hili si la wake wawili tu. Miaka mingi majimbo kadhaa ya India yaliandika katika kanuni zao kwamba binti wa marehemu anaweza kuomba ikiwa hajaolewa, ilhali mwana wa kiume hakuulizwa kama ameoa. Mahakama Kuu ya Karnataka ililiondoa sharti hilo mwaka 2020. Ugonjwa ni uleule: ofisi inatumia hadhi ya mtu badala ya kupima utegemezi wake. Binti aliyeolewa anaweza kuwa ndiye anayemlisha mama yake mjane, na mwana wa kiume mwenye duka mjini asiwe na shida yoyote.

## Uchambuzi: wale waliokuwa nje ya geti

Hadi hapa ni rahisi kuwa upande wa kijana, na mimi niko upande wake. Lakini haki katika ajira ya umma haina watu wawili tu, familia na ofisi. Yupo na wa tatu, ambaye hakuwa na wakili ndani ya chumba kile.

Mwezi mmoja kabla ya hukumu, Januari 2022, vijana wa jimbo la Bihar waliingia barabarani na kwenye njia za treni. Mwaka 2019 reli ilikuwa imetangaza nafasi 35,281 za ngazi ya kati. Walioomba walikuwa kama milioni 12.5, yaani zaidi ya watu 350 kwa kila nafasi. Miaka ikapita. Matokeo ya hatua ya kwanza yalipotoka, waombaji walilalamikia namna watu walivyochujwa, hasira ikapanda, na huko Gaya mabehewa yakachomwa moto. Kuchoma mabehewa sikutetei. Ila kijana aliyesoma miaka mitatu katika chumba cha kupanga, akila mlo mmoja ili alipie masomo ya ziada, ana haki ya kuuliza: nafasi inayotolewa bila mtihani imetoka kwenye fungu la nani? Imetoka kwenye lake.

Mwaka 2024 Mahakama ya Juu ya Pakistan iliipa hoja hiyo uzito wote. Shauri lilianzia kwenye ofisi za posta, na likaishia kwa majaji kufuta sera zote za kuajiri wenzi na watoto wa watumishi waliokufa au waliostaafu kwa ugonjwa, bila kuwagusa waliokwisha kuajiriwa. Walisema ajira ya serikali si mali ya kurithishwa, na kwamba sera hizo zinawabagua raia wengine wote, wakiwemo maskini ambao baba zao hawakubahatika kuwa watumishi.

Hoja hiyo inauma kwa sababu ni kweli. Mjane wa kibarua wa matofali naye ana njaa, na hakuna ofisi inayomngoja. Hata hivyo siko tayari kwenda nayo hadi mwisho. Familia iliyopanga maisha yake yote juu ya mshahara mmoja haiwezi kupewa rambirambi na jeneza tu. Kama serikali inaweza kuwapa pensheni ya wategemezi inayotosha kula, karo ya watoto hadi wamalize, na nyumba kwa muda wa kujipanga, basi kazi irudi kwenye ushindani wa wote. Pale ambapo haiwezi, ajira ya huruma ibaki, iwe finyu, ya ngazi za chini, na ipimwe kwa shida peke yake. Kinachoiharibu ni kuipa familia yenye mtoto mwingine serikalini na viwanja viwili mjini kwa sababu tu baba alikuwa mwenzetu. Hapo ndipo huruma inageuka kuwa urithi, na yule wa Bihar anakuwa na haki ya kukasirika.

Ukiitazama hivyo, hukumu ya 2022 haikumwongezea mtu yeyote upendeleo, kwani haikuongeza nafasi hata moja. Ilisema tu kwamba ndani ya fungu hilo dogo watoto wote wa marehemu wasimame mstari mmoja, kisha mwenye shida aonekane.

## Uchambuzi: muda

Palipobaki pabaya kabisa ni muda. Mantiki ya mpango mzima ni dharura. Machi 2023 Mahakama ya Juu iliwakatalia waombaji wa manispaa moja ya West Bengal ambao maombi yao yalikuwa na umri wa zaidi ya miaka 15, ikisema shida ya ghafla haipo tena. Kwa kipimo cha 1994 hilo ni sahihi. Lakini angalia linavyomfika mfiwa: ofisi ikichelewa vya kutosha, kuchelewa kwenyewe kunakuwa sababu ya kumnyima. Kijana wetu aliomba ndani ya miezi mitatu ya msiba, akakataliwa kwa sababu iliyokuwa imeshafutwa na mahakama, akapoteza miaka minane kulithibitisha hilo, kisha jalada likarudi kwa ofisi ileile kupimwa kama bado ana shida. Mwombaji aliyekataliwa kimakosa apimwe kwa hali ya nyumba yake siku alipoomba. Ofisi isifaidike na kosa lake.

## Ofisi ingeweza kufanya nini mwaka 2014

Si mengi, na hakuna lililohitaji sheria mpya. Ofisa angeuliza kitengo cha sheria kama waraka wa 1992 bado una nguvu, na jibu la Calcutta lingekuwa na miaka minne tayari. Angetuma mtu nyumbani kwa marehemu kuhesabu wanaotegemea na kinachoingia. Angeuliza kama nyumba ya pili na ya kwanza zinaelewana kuhusu anayependekezwa, kwa sababu ugomvi wa wajane ndio huzifunga kesi nyingi za aina hii. Na kabla ya yote hayo angeisoma barua ya mke mkubwa kama ushahidi, maana hakuna shahidi ambaye angeijua nyumba ile kumzidi, na kama ni kinyongo, hakuna aliyekuwa na sababu ya kuwa nacho kumzidi. Yeye ndiye aliyesema huyu ni mtoto wa nyumba hii, mpeni yeye. Barua hiyo ilikuwa ndani ya jalada tangu siku ya kwanza.